Gurudumu la Kassel

Kila kifanyacho kazi hula. Ng'ombe wa kulimia hula majani, moto hula kuni, lori hunywa dizeli, na mkulima asipopata chakula mchana jembe humshinda kabla ya jua kuchwa. Hata saa ya ukutani, ambayo huonekana kama inajiendea yenyewe, kuna mkono ulioitia ufunguo. Basi si ajabu kwamba tangu kale mwanadamu ameota mtambo usiokula: uanzishwe mara moja tu, kisha uendelee kuzunguka, usage nafaka, upandishe maji, wala usidai chochote. Mnamo mwaka 1150 mwanahisabati Bhaskara wa Uhindi alieleza gurudumu lenye spoki zilizo wazi ndani kama mabomba, zilizotiwa zebaki nusu, ambalo lilidhaniwa lingezunguka bila kukoma. Katika karne ya 13 Mfaransa Villard de Honnecourt alichora la kwake lenye nyundo. Baada ya hapo michoro haihesabiki.

Michoro ni rahisi, maana karatasi haina msuguano. Mimi nataka kusimulia habari za gurudumu moja ambalo halikuwa mchoro. Lilikuwapo, watu waliliona, wakaligusa, wakalizuia kwa mikono yao na likawavuta. Kati ya watu hao walikuwamo wasomi wakubwa wa Ulaya ya wakati ule, na baadhi yao waliondoka wakiamini kwamba wameona kitu kinachovunja yote yaliyojulikana kuhusu mwendo.

Mwenye gurudumu hilo aliitwa Johann Bessler. Alizaliwa Saxony, katika Ujerumani ya leo, karibu na mji wa Zittau, kwenye mwaka 1680 au 1681. Alijifunza mambo mengi, ufundi wa saa na utabibu yakiwamo, na akaoa binti wa tabibu mmoja wa mji wa Annaberg. Jina lake la kuzaliwa halikumtosha. Aliziandika herufi za alfabeti kwa duara, akachukua mahali pa kila herufi ya jina lake ile inayotazamana nayo upande wa pili. Bessler likageuka Orffyre, akaliongezea mkia wa Kilatini likawa Orffyreus. Ndivyo alivyojulikana hadi kufa kwake. Mtu anayelificha hata jina lake ndani ya fumbo, msomaji utakubaliana nami, anapenda siri kwa ajili ya siri yenyewe.

Tarehe 6 Juni 1712, katika mji wa Gera, alionyesha hadharani gurudumu lake la kwanza. Mwaka uliofuata akawa na jingine kubwa zaidi huko Draschwitz, na mwaka 1714 Leibniz mwenyewe akaenda kuliangalia. Jambo hilo lina uzito, kwa sababu Leibniz alikuwa miongoni mwa waliotumia hoja kwamba mwendo wa milele hauwezekani ili kujenga hesabu zake za mwendo. Hata hivyo alilitazama gurudumu lile kwa heshima, akaona linastahili kupimwa vizuri. Mwaka 1715, huko Merseburg, likajengwa la tatu, na hapo mbele ya mashahidi likapandisha kwa kamba na kapi mzigo wa ratili 70. Mashahidi wakatia saini. Bessler akapata karatasi ya kuwaonyesha watu.

Maadui nao hawakukosekana. Watatu walijulikana zaidi: Gärtner, fundi wa mitambo wa Dresden, Wagner, mwanahisabati, na Borlach. Huyu Borlach alichapisha picha inayoonyesha gurudumu limesimama kati ya nguzo zake, na nyuma ya ukuta mtu akivuta kamba. Picha ile ilitoka zaidi ya miaka kumi kabla ya shahidi yeyote wa ndani ya nyumba kusema neno, na aliyeichora hakuwa na ushahidi wowote ila akili ya kawaida. Bessler alijibu kwa matusi ya kishairi, kwa maana alikuwa mtunzi pia, tena mwenye ulimi mkali.

Kisha akapata mlezi. Karl, mtawala wa Hesse-Kassel, alikuwa mtu aliyependa mitambo kwa dhati. Ndiye aliyemweka katika nchi yake kwa miaka mingi Denis Papin, Mfaransa aliyekuwa wa mwanzo kabisa kufikiria kuisukuma pistoni kwa mvuke. Juu ya kilima cha Weissenstein, nje kidogo ya Kassel, Karl alijenga maporomoko ya maji ya kupendeza yanayoshuka ngazi kwa ngazi chini ya sanamu kubwa ya Hercules. Bessler alikaribishwa, akapewa cheo cha diwani wa biashara, na nafasi ndani ya jumba la Weissenstein. Karl aliweka sharti moja tu: aonyeshwe tumbo la gurudumu. Akaonyeshwa, yeye peke yake, na akaahidi kutosema. Inasimuliwa kwamba alipotoka alisema mpango wake ni mwepisi kiasi kwamba mwanagenzi wa seremala akiuona angeweza kuutengeneza. Karl aliishi hadi mwaka 1730 na hakuitoa siri ile kwa yeyote.

Gurudumu la Kassel lilikuwa na kipenyo cha futi 12 na unene wa inchi 14, yaani refu kuliko watu wawili wakisimamiana mabegani. Lilitengenezwa kwa vipande vyepesi vya mbao, na lote likafunikwa kwa turubai ili ndani pasionekane. Katikati ulipita mti wa unene wa inchi 6 hivi, na kila mwisho wake kulikuwa na kijiti cha chuma chenye unene wa robo tatu ya inchi, kikikaa juu ya nguzo. Hapo tu ndipo gurudumu lilipogusana na dunia. Tarehe 12 Novemba 1717 liliwekwa katika mwendo, chumba kikafungwa, milango na madirisha yakapigwa lakiri kwa muhuri wa mtawala. Tarehe 26 Novemba wakafungua: gurudumu linazunguka. Wakafunga tena na kutia muhuri. Tarehe 4 Januari 1718 wakafungua: bado linazunguka, kwa kasi ileile.

Siku 54. Nimekaa na kalamu nikapiga hesabu. Kwa mizunguko 26 kila dakika, kama halikusimama, ni mizunguko zaidi ya milioni mbili. Na ukingo wake ulikuwa ukienda kiasi cha kilometa 18 kwa saa, mwendo wa baiskeli ya mtu mwenye haraka. Hebu fikiria baiskeli iliyofungiwa chumbani miezi miwili ikikimbia kwa mwendo huo.

Mwaka 1721 akaja Willem 's Gravesande, profesa wa Leiden, Uholanzi. Huyu hakuwa mtu wa kuchezewa. Ndiye aliyefanya zaidi ya mwingine yeyote kuifundisha Ulaya bara fizikia ya Newton, tena kwa vyombo na majaribio, si kwa maneno. Barua aliyomwandikia Newton baada ya kulichunguza gurudumu ipo, na vipimo nilivyovitaja hapo juu vimetoka humo. Alieleza kwamba alipolisukuma taratibu lilisimama mara alipoondoa mkono. Alipolisukuma kwa nguvu kidogo, halikusimama. Liliongeza mwendo lenyewe, na baada ya mizunguko miwili au mitatu likafikia kasi yake kamili, hata ikambidi alizuie kwa nguvu. Alivichunguza vijiti vya chuma, na akasema anaamini kabisa kwamba hakuna kitu cha nje kinachochangia mwendo ule.

Maneno hayo yanataka kusomwa polepole. Mtu mkweli, mwenye ujuzi, amekaa chumbani na mtambo, amegusa, amepima, amefikia uamuzi. Tungetaka nini zaidi kwa shahidi?

Bessler, alipopata habari ya uchunguzi ule, alilivunjavunja gurudumu lake. Alilalamika kwamba profesa alitaka kuiba siri bila kuilipia. Bei ilikuwa imekwisha kutajwa: thaler 100,000, na fedha zitangulie kuwekwa mezani kabla ya turubai kufunuliwa. Petro Mkuu wa Urusi alivutiwa sana na habari hizi na kumtuma mkutubi wake Schumacher kuulizia, lakini Petro alifariki mwaka 1725 na biashara haikufanyika.

Nisimame hapa kidogo, kwa sababu msomaji ambaye hakupitia fizikia huenda anauliza: kwani kosa la gurudumu kama hili liko wapi hasa? Mbona uzito wa upande mmoja usiushinde wa upande wa pili?

Nilifundisha fizikia miaka mingi, na haukupita mwaka bila kijana kuniletea daftari lenye mchoro. Mara nyingi ulikuwa mota na dainamo: mota inaizungusha dainamo, dainamo inaipa umeme mota, na unaobaki unawasha taa za nyumba nzima. Mara chache ulikuwa gurudumu. Vyuma vimefungwa kwa bawaba ukingoni. Upande wa kulia vinaangukia nje na kukaa mbali na mhimili, upande wa kushoto vinajikunja na kukaa karibu. Wa kulia wavuta zaidi, basi gurudumu litazunguka daima. Mchoro wa namna hiyo huvutia kweli. Dawa yake si kumcheka kijana, ni kumwambia ahesabu. Chora gurudumu kwa rula, weka vyuma mahali pake, uzidishe kila chuma kwa umbali wake kutoka mstari wa katikati, ujumlishe kila upande. Kulia utapata vyuma vitatu vilivyo mbali, kila kimoja umbali wa nne, jumla kumi na mbili. Kushoto utapata vyuma vinne vilivyo karibu, kila kimoja umbali wa tatu, jumla kumi na mbili. Vilivyo mbali ni vichache, vilivyo karibu ni vingi. Kila muuza samaki anayetumia mizani ya mkono anayajua haya. Gurudumu litayumba kidogo, litatafuta mahali pake pa kupumzikia, litatulia. Vijana walirudi na hesabu zao wakiwa wamenyamaza, na wale wazuri walirudi na mchoro mpya.

Lakini hesabu hiyo huangusha gurudumu moja tu, lile lililochorwa. Haimwambii mtu kwamba magurudumu yote ya duniani, hata yale ambayo hayajabuniwa, yataanguka vivyo hivyo. Kwa kusema hivyo unahitaji sheria ya jumla, na mwaka 1721 sheria hiyo haikuwapo. Hili ndilo jambo linalosahaulika na wanaomwona 's Gravesande kama mjinga. Wataalamu walikuwa bado wanabishana ni nini hasa kinachohifadhiwa katika mwendo. Wafuasi wa Newton walizidisha uzito kwa kasi. Wafuasi wa Leibniz walizidisha uzito kwa kasi na tena kwa kasi. Newton mwenyewe aliandika kwamba mwendo duniani huelekea kupungua na unahitaji kuongezewa. Basi katika vurugu hiyo mtu mwaminifu aliweza kusema, kama 's Gravesande alivyosema katika chapisho lake la mwaka 1722, kwamba hakuna aliyethibitisha kuwa mwendo wa milele hauwezekani.

Mwaka huohuo 1722, huko Leiden, 's Gravesande alifanya jaribio ambalo naliona zuri kuliko yote ya karne ile. Alichukua mipira ya shaba yenye ukubwa mmoja lakini uzito tofauti, akaiangusha juu ya udongo laini wa mfinyanzi, akapima mashimo. Mpira mwepesi mara tatu ulichimba shimo sawa na ule mzito ulipoangushwa kutoka juu mara tatu zaidi. Sasa, kitu kikianguka kutoka mara nne juu zaidi, kasi yake huongezeka mara mbili tu. Kwa hiyo kazi inayofanywa na mwendo haifuati kasi, inafuata kasi iliyozidishwa kwa yenyewe. Leibniz alikuwa sahihi, na 's Gravesande, mfuasi wa Newton, akakubali waziwazi kwamba upande wake umeshindwa. Mwaka 1740 Émilie du Châtelet wa Ufaransa aliyaweka matokeo hayo katika kitabu chake cha fizikia, na kutoka hapo njia ikafunguka, ingawa ilikuwa ndefu, hadi ile miaka ya 1840 ambapo Mayer, Joule na Helmholtz walisimamisha sheria ya hifadhi ya nishati. Maana yake ni kwamba mkono uliolipapasa gurudumu la Kassel na kudanganyika ndio huohuo uliopima kipimo ambacho baadaye kililifunga gurudumu lile na ndugu zake wote.

Narudi Kassel. Mwaka 1727 mtumishi wa nyumbani kwa Bessler, Anne Rosine Mauersberger, alitoroka na kutoa ushahidi mbele ya wenye mamlaka. Alisema gurudumu lilikuwa likizungushwa kutoka chumba cha pili kwa mkono wa chuma. Wazungushaji walikuwa yeye mwenyewe, mke wa Bessler, ndugu yake Bessler, na Bessler pia. Walipokezana. Alisema tena kwamba alilazimishwa kula kiapo kizito cha kutisha kwamba hatafungua kinywa chake maishani, kiapo cha namna ambayo mtu wa imani wa zama zile asingekichukulia kwa wepesi.

Jibu la 's Gravesande linajulikana. Aliandika kwa rafiki yake msomi kwamba anajua vema Bessler ni kichaa, lakini hana sababu ya kumwita mdanganyifu. Na kwamba jambo moja analijua kwa hakika kama anavyojua lolote duniani, kwamba mtumishi akisema hivyo, amesema uongo mkubwa.

Nimelifikiria jibu hili mara nyingi, zaidi hata ya gurudumu lenyewe. Profesa alikuwa na gurudumu kwa saa chache. Mwanamke yule aliishi nalo miaka. Profesa alitazama vijiti vya chuma kwa nje. Mwanamke yule alikuwa upande ule mwingine wa ukuta, ameshika mpini. Katika mahakama yoyote ya kijiji, wazee wangeuliza kwanza: nani alikuwapo? Na wangeuliza pia: nani anapata nini kwa kusema? Mtumishi aliyetoroka kazi na kuvunja kiapo hakuwa na thaler 100,000 ya kungojea. Lakini swali lililoulizwa lilikuwa jingine, nalo ni kama mtumishi anaweza kujua chochote kuhusu mitambo. Wakati huo huyo mtumishi, kama maneno yake ni kweli, ndiye aliyekuwa mtambo.

Wako hadi leo wanaomtetea Bessler, na hoja zao si za kipuuzi zote. Husema kwamba ushahidi wa mwanamke yule ungeweza kuwa wa chuki. Husema kwamba gurudumu la Merseburg lilihamishwa kutoka nguzo moja hadi nyingine mbele ya mashahidi. Mimi nawajibu kwa jambo moja. Karne tatu zimepita, mbao na vyuma vimekuwa rahisi, mafundi wamekuwa wengi mara elfu, na kama kweli siri ilikuwa nyepesi kiasi cha mwanagenzi wa seremala kuitengeneza, angepatikana mwanagenzi mmoja tu. Hajapatikana. Kati ya miujiza ya kimaumbile iliyotokea mara moja na haikurudi, na mikono ya wanawake wawili na wanaume wawili wakipokezana nyuma ya ukuta, mimi nachagua mikono.

Ukitaka kujua kwamba mikono hutosha, tazama Marekani miaka mia moja baadaye. Charles Redheffer alionyesha mtambo wake Philadelphia mwaka 1812 na kutoza kiingilio. Wakaguzi walipotumwa na mji waligundua kwamba meno ya gurudumu yamelika upande usiostahili: mtambo uliodaiwa kuendesha ulikuwa ndio unaoendeshwa. Redheffer akahamia New York. Mwaka 1813 akaja kuutazama Robert Fulton, yule aliyefanikisha biashara ya meli za mvuke. Fulton hakuchungulia chochote. Alisikiliza. Mtambo ulikuwa ukienda kwa kasi isiyo sawa, ukiongeza na kupunguza katika kila mzunguko, kama ufanyavyo mpini unaozungushwa kwa mkono wa mtu. Akatangaza hapohapo kwamba ni udanganyifu, akang'oa vibao vilivyounganisha mtambo na ukuta, na ndani ya kibao akakuta kamba ya utumbo. Watu wakaifuata kamba kupitia ukuta na dari hadi orofani. Huko juu, katika chumba kidogo, alikuwa ameketi mzee mwenye ndevu ndefu, mkono mmoja ukizungusha mpini, mkono mwingine umeshika kipande cha mkate mkavu anakitafuna.

Kwa hiyo mtambo usiokula ulikuwa unakula mkate mkavu. Jina la mzee yule sijaliona limeandikwa mahali.

Mwaka 1775 Chuo cha Sayansi cha Paris kilitangaza kwamba hakitapokea tena mtambo wowote unaodaiwa kuwa na mwendo wa milele, kikauweka pamoja na mafumbo ya kale ya jiometria kama kulifanya duara kuwa mraba. Wengi hulisoma tangazo hilo kama kiburi cha wakubwa. Lakini ndani yake mna sababu ya huruma: kazi hii, walisema, imefilisi zaidi ya familia moja, na mafundi ambao wangeweza kufaa sana wameteketeza humo mali yao, muda wao na vipaji vyao. Waliandika hivyo miaka sabini kabla ya sheria ya nishati kukamilika. Hawakuwa na uthibitisho kamili. Walikuwa wamechoka kuona watoto wa watu wakilala njaa kwa sababu ya gurudumu la baba.

Katika zama zetu ndoto imebadili nguo. Mwaka 2001 mhandisi Mwingereza Roger Shawyer alianza kutangaza kopo la chuma lililofungwa pande zote, pana upande mmoja na jembamba upande mwingine, ambalo ndani yake mawimbi kama yale ya jiko la maikrowevu hudunda huku na huku. Alidai kwamba kopo husukumwa upande mmoja ingawa hakuna kinachotoka. Chombo cha anga kingesafiri bila kubeba kitu cha kutupa nyuma. Kwa lugha ya mitaani, ni sawa na abiria aliyeketi ndani ya daladala iliyozimika akasukuma kioo cha mbele kwa mikono na daladala ikaondoka. Jina lake likawa EmDrive. Mwaka 2016 kikundi kimoja cha NASA kilichapisha vipimo vyake: milinyutoni 1.2 kwa kila kilowati. Ni nguvu ndogo, kama uzito wa punje tano za mchele kwa umeme wa pasi moja. Lakini ingekuwa kweli, hata punje moja ingetosha kubomoa fizikia yote.

Huko Dresden, mji uleule wa Gärtner aliyempinga Bessler, profesa Martin Tajmar na wenzake walilijenga kopo lao na mizani nyepesi kupindukia. Walichofanya ndicho kinachonipendeza. Hawakuuliza tu kama mizani inasogea. Waliuzuia umeme usifike ndani ya kopo, na mizani ikasogea vilevile. Mwaka 2018 wakasema kinachosukuma si mawimbi. Ni nyaya za umeme zikivutana na usumaku wa dunia. Wakaendelea kuziba tundu moja baada ya jingine, wakatazama jinsi joto linavyokunja vyuma vya kishikio, na mwaka 2021 wakaripoti kwamba baada ya kuondoa hayo yote hakuna kilichobaki. Mtumishi wa chumba cha pili safari hii alikuwa waya na joto, na walimtafuta kwa kuwa walijua kwamba kila chumba kina ukuta wa nyuma.

Sina haja ya kumtukana Shawyer. Hakuna mzee aliyefungiwa orofani mwake, na anayejidanganya kwa dhati ni mtu mwingine kabisa na anayemlisha mzee mkate ili azungushe mpini.

Bessler naye alikuwa wa aina gani? Hapa hukumu yangu ni nzito kuliko ya wengi. Kiapo kile ndicho kinachomhukumu. Anayeamini gurudumu lake hamwapishi mtumishi wa ndani kwa viapo vya kutisha. Hata hivyo nakiri alikuwa fundi: kulifanya gurudumu la futi 12 lizunguke kwa wororo juu ya vijiti vya robo tatu ya inchi, liwe jepesi na lenye urari hata liendeshwe kwa siri bila kutikisika, ni kazi ambayo seremala mzuri angejivunia.

Baada ya mlezi wake kufariki mambo yalimwendea vibaya. Kashfa ilienea, na wanunuzi hawakuja. Alibaki kuchukua kazi za ujenzi hapa na pale. Tarehe 30 Novemba 1745, huko Fürstenberg, alikuwa anajenga kinu cha upepo, akaanguka kutoka juu, akafa.